Filamu za Makala Kuhusu Watu na Jamii Zisizosikika: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Maswali yafuatayo huulizwa na watengenezaji filamu chipukizi, na viongozi wa vikundi vya kijamii, na mara nyingine na wahusika wenyewe wanapoelezwa kwamba kuna mtu anataka kuja na kamera. Majibu yamezingatia zaidi hali ya Tanzania na Kenya. Hayachukui nafasi ya ushauri wa mwanasheria, hasa kwenye masuala ya vibali na hakimiliki.

Filamu ya makala ya jamii inatofautiana vipi na taarifa ya habari?

Taarifa ya habari huanza na tukio: ghala limeungua, daraja limesombwa, kiongozi amezuru. Mwandishi hufika, huhoji watu wawili watatu, na hulazimika kuwa amerudi chumba cha habari kabla ya taarifa ya jioni. Filamu ya makala huanza na mtu au mahali, na hukaa hapo hata siku ambazo hakuna kilichotokea, kwa sababu maisha ya watu wengi hayana matukio ya kuitiwa waandishi.

Kuna tofauti ya pili ambayo husemwa kwa nadra, nayo ni ile iliyopo kati ya filamu ya makala na video ya mradi. Shirika linapolipia video ya kuonyesha mafanikio yake, mhusika huwa amekwisha kupangiwa la kusema: alikuwa na shida, mradi ukaja, sasa ana kisima. Kazi hiyo ni halali na wengi katika fani hii wanalipia kodi ya nyumba kwa kuifanya, lakini isiitwe filamu ya makala, kwa kuwa mhusika hana nafasi ya kusema kwamba kisima kilikauka mwaka uliofuata.

Je, wazo la kuwaachia watu wajisimulie ni la kigeni kwetu?

Kusimulia si kugeni hata kidogo. Kilichokuwa kigeni ni kamera, na iliingia ikiwa mikononi mwa wengine. Kati ya mwaka 1935 na 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, Waingereza waliendesha mradi ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment, kwa fedha za taasisi ya Carnegie ya Marekani. Ulitengeneza filamu 35 kuhusu kilimo, afya, kuweka akiba na mambo kama hayo, kisha zikazungushwa kwa lori katika Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland (Malawi ya leo) na Rhodesia ya Kaskazini (Zambia ya leo). Walioonekana kwenye filamu walikuwa Waafrika na watazamaji walikuwa Waafrika, lakini aliyeamua kisemwe nini hakuwa miongoni mwao. Mtu anayeona watu wa kijijini wakiitilia kamera shaka akumbuke kwamba shaka hiyo ina historia.

Mfano ulio kinyume chake, ambao hadi leo hufundishwa katika vyuo vya filamu, ni wa kisiwa cha Fogo huko Newfoundland, Kanada. Mwaka 1967 wavuvi wa kisiwa hicho, wapatao 5,000 katika vijiji kumi hivi, walikuwa wakishinikizwa kuhama kwa sababu serikali iliona ni ghali kuwapelekea huduma. Colin Low wa Bodi ya Taifa ya Filamu ya Kanada alikwenda huko akishirikiana na Chuo Kikuu cha Memorial, na badala ya kutengeneza filamu moja yenye hoja yake mwenyewe, akatengeneza filamu fupi 27, nyingi zikiwa za mtu mmoja au jambo moja tu. Wahusika walionyeshwa picha zao kwanza, nao walikuwa na haki ya kukataa zisiende popote. Vijiji ambavyo havikuwa na mazoea ya kukaa pamoja vikatazamana kwenye filamu zilizoonyeshwa ukutani na kugundua kwamba vinalalamikia mambo yale yale. Baadaye filamu zilipelekwa kwa viongozi wa serikali, na waziri wa uvuvi akawajibu wanakisiwa naye kwa filamu. Watu wa Fogo hawakuhama. Walianzisha ushirika wa uvuvi na ujenzi wa mashua. Itakuwa ni kutia chumvi kusema kwamba filamu peke yake ndiyo iliyowaokoa, kwa maana ushirika ni kazi ya mikono na vikao vingi, lakini utaratibu ule wa kuwarudishia watu picha zao kabla ya mtu mwingine yeyote kuziona ndio msingi wa majibu mengi yaliyomo hapa chini.

Nitajuaje kwamba habari fulani inatosha kuwa filamu?

Jiulize kama mhusika ana jambo lililo mbele yake ambalo bado halijaamuliwa. Mtu mwenye huzuni anaweza kutoa mahojiano mazuri. Mtu anayesubiri hukumu ya shamba, anayejaribu zao jipya, au anayejiuliza kama amrithishe mwanawe ufundi wake, huyo anaweza kubeba filamu.

Chukua mfano wa kilimo cha mwani Zanzibar, ambacho kibiashara kilianza mwaka 1989 katika pwani ya mashariki ya Unguja. Picha ya mama aliyeinama majini, kanga kiunoni, imeenea katika vipeperushi vya utalii hadi imekuwa pambo. Yasiyomo kwenye vipeperushi ni nani anayepanga bei ya kilo, mgongo unaouma kwa kuinama, na namna mwani wa aina ya kotonii, unaolipa zaidi, ulivyokuwa ukifa maji yalipozidi joto huku ule wa bei ya chini, spinosamu, ukiendelea kustahimili. Mkulima anayeamua leo kama aendelee na mwani wa bei ndogo, ahamie maji ya kina kirefu ambako huenda akahitaji mashua na kujua kuogelea, au aache kabisa, ana filamu ndani yake.

Mfano huohuo unafundisha jambo la ratiba. Kazi ya shambani hufanyika maji yanapokupwa sana, nyakati za bamvua, yaani siku chache katika kila wiki mbili. Mtengenezaji filamu anayefika wakati wa maji mafu, kwa kuwa ndio wakati tiketi ya boti ilipopatikana, atakuta mashamba yamefunikwa na wenyewe wako kwenye shughuli nyingine. Akiwaomba wamwonyeshe tu namna wanavyofanya, atakachopata ni maigizo, na mtazamaji wa Jambiani, kwenye pwani hiyohiyo ya mashariki, ataligundua hilo kwa kutazama kimo cha maji. Kalenda ya wahusika ndiyo inayopanga siku za kazi, iwe ni ya bamvua, ya mvua za vuli au ya mnada wa ng'ombe.

Niongeze kwamba jambo lenye kamera nyingi si lazima liwe baya, ila halihitaji ya kwako. Mwaka Kogwa, sherehe ya mwaka mpya wa jadi huko Makunduchi, Unguja, hupigwa picha kila Julai na watu wengi. Wanaopika chakula cha wageni siku hiyo hawapigwi picha na mtu.

Mimi si mzaliwa wa jamii hiyo. Je, ninaruhusiwa kuitengenezea filamu?

Unaruhusiwa, na wakati mwingine mgeni huambiwa mambo ambayo jirani asingeambiwa. Lakini mgeni anadaiwa muda mrefu zaidi bila kamera, anahitaji mwenzake wa hapo mwenye mamlaka ya kweli katika filamu, na jina la huyo mwenzake liandikwe kama mtayarishaji au mwongozaji mwenza. Kumwita mkalimani mtu aliyekutafutia wahusika, akakulainishia wazee na kukueleza kwa nini mtu fulani alinyamaza ghafla, ni kumdhulumu.

Ni vibali gani vinavyohitajika?

Tanzania Bara ina Bodi ya Filamu, inayofanya kazi chini ya sheria ya filamu na michezo ya kuigiza ya mwaka 1976. Zanzibar ina chombo chake, Baraza la Sanaa, Sensa ya Filamu na Utamaduni (BASSFU), hivyo kibali cha Dar es Salaam kisichukuliwe kwamba kinatosha Unguja au Pemba. Kenya nayo ina Bodi ya Kuainisha Filamu (KFCB). Kumbuka kwamba kuruhusiwa kupiga picha na kuruhusiwa kuonyesha filamu iliyokamilika ni mambo mawili, na ada hubadilika, kwa hiyo uliza ofisini kabla ya kuandika bajeti. Ndege isiyo na rubani huhitaji ruhusa ya mamlaka ya usafiri wa anga, TCAA au KCAA, na maofisa wa forodha uwanja wa ndege hawana mzaha nayo.

Baada ya hapo unapeleka barua kwa mtendaji wa kijiji au mtaa, au kwa chifu ikiwa ni Kenya. Usione kama ni usumbufu. Mtendaji asiye na taarifa ndiye huwa wa kwanza kuuliza mbele ya watu unafanya nini hapa, na mhusika wako ndiye atakayebaki akijibu maswali baada ya wewe kuondoka. Hata hivyo, muhuri wa ofisi haumlazimishi mtu yeyote kuongea nawe.

Ridhaa ya mhusika ichukuliwe vipi? Je, sahihi kwenye fomu inatosha?

Fomu inahitajika, kwa sababu vituo vya televisheni na matamasha huidai, na kwa sababu Kenya tangu mwaka 2019 na Tanzania tangu mwaka 2022 zina sheria za kulinda taarifa binafsi za watu. Ila fomu ya kurasa nne iliyoandikwa kisheria, iliyosainiwa kwa dole gumba kando ya jiko, inamlinda mtengenezaji filamu pekee.

Utaratibu unaofaa ni kuiomba ridhaa zaidi ya mara moja. Mara ya kwanza ni kabla ya kamera kuwashwa: eleza kwa lugha anayoitumia nyumbani filamu ni ya nini, nani anailipia na itaonyeshwa wapi, kisha rekodi maelezo hayo pamoja na jibu lake. Hapo ndipo pa kusema wazi kwamba kitu kikiwekwa kwenye intaneti hakirudi. Watu wengi huelewa vizuri zaidi ukiwataja ndugu: je, uko tayari shemeji yako aliyeko Muscat aione, au mkwe wako, au mwenye nyumba wako? Mara ya pili ni mwisho wa siku za kurekodi, kwa sababu mtu huwa amesema mengi kuliko alivyokusudia. Mara ya tatu ni baada ya kuona filamu ilivyohaririwa. Mpe tarehe ya mwisho ya kujitoa, na iwe baada ya onyesho hilo, isiwe kabla yake.

Jambo dogo linalosaidia kuliko maelezo mengi ni kumpa mhusika kamera mkononi, arekodi nyuma ya nyumba yake mwenyewe, kisha ajitazame na ajisikie. Baadhi hucheka na kuendelea. Baadhi husema hapana papo hapo, na ni afadhali ikawa hivyo mapema.

Kwa watoto, ridhaa ya mzazi au mlezi ni lazima, na ya mtoto mwenyewe pia. Kwa walionusurika ukatili, jina, sura, sauti na hata rangi ya mlango wa nyumba vinaweza kumtambulisha mtu. Kuziba macho kwa kipande cheusi hakumfichi kwa wanaomfahamu.

Je, mhusika alipwe?

Usilipie maneno. Mtu akijua kwamba simulizi kali zaidi ina malipo makubwa zaidi, atakupa simulizi kali. Lakini fidia muda: mvuvi ambaye hakuingia baharini kwa ajili yako amepoteza kipato cha siku nzima, na mama lishe aliyefunga genge ana marejesho ya kikundi yanayomsubiri. Kiasi kikubaliwe mapema, kiwe sawa kwa watu wenye kazi inayofanana, na kiandikwe kwenye bajeti waziwazi badala ya kufichwa kwenye fungu la usafiri. Fedha zisitolewe hadharani muda mfupi kabla ya mahojiano, kwani majirani wataona na mhusika atasumbuliwa. Iwapo filamu itauzwa, wahusika wakuu wawe na sehemu yao iliyoandikwa kwenye mkataba tangu mwanzo. Nimesikia hoja nyingi za kulipinga hili na karibu zote hutolewa na watu wenye mishahara.

Je, simu inatosha, au ninunue kamera?

Kwa picha, simu nzuri inatosha. Kwa sauti haitoshi. Mtazamaji huvumilia picha yenye giza kidogo, lakini maneno yasiyosikika humfanya aondoke, kwa hiyo fedha za kwanza zinunue kipaza sauti kidogo cha kubana kwenye nguo pamoja na kinasa sauti. Mhusika aliyevaa buibui au mtandio huwa na kitambaa kinachosugua kipaza sauti kila anapogeuka. Mwambie mwenzako wa kike amsaidie kukiweka, au umwelekeze mwenyewe akibane mahali ambapo kitambaa hakigusi. Chini ya paa la bati mvua ikianza, acha kurekodi na unywe chai. Adhana ikianza, ngoja iishe, kwa heshima na pia kwa sababu mhariri hawezi kuikata katikati bila kila mtu kugundua. Kabla ya kuondoka katika kila eneo, rekodi dakika moja ya ukimya wa pale, yaani kuku, upepo, watoto kwa mbali, kwani ndiyo itakayoziba mishono ya mahojiano mhariri anapoyakata na kuyaunganisha.

Picha ikimeta chini ya taa za umeme, weka kasi ya shata, yaani muda ambao kamera huruhusu mwanga kuingia kwa kila picha, kwenye 1/50 ya sekunde, kwa kuwa umeme wetu ni wa hezi 50. Nafasi ya kuhifadhi nayo huwashangaza wengi: video ya megabiti 50 kwa sekunde hula takriban gigabaiti 22 kwa saa. Nunua diski mbili, nakili kila jioni, na diski hizo zisisafiri kwenye begi moja.

Wazee wahojiwe vipi?

Kwa adabu ile ile unayoingia nayo nyumbani kwa mkubwa wako yeyote. Unatoa shikamoo, unajitambulisha ni mtoto wa nani na umetumwa na nani, unauliza hali ya familia, na unaacha vifaa kwenye begi mpaka uambiwe karibu. Ziara ya kwanza haina kamera.

Mahojiano yanapoanza, epuka maswali yenye jibu tayari ndani yake. Ukiuliza, "Bibi, maisha yalikuwa magumu sana wakati ule?" atakujibu ndiyo, yalikuwa magumu, na mtakuwa mmekwama. Ukimwomba akueleze siku ya kuhamia kijijini ilikuwaje kuanzia alfajiri, nani alibeba nini na mlango uliachwa kwa nani, utapata mambo ambayo hayamo kwenye kitabu chochote. Wazee waliohamishwa enzi za vijiji vya ujamaa mara nyingi hukumbuka vitu kabla ya sera: kinu, kuku, mwembe uliobaki nyuma. Uanze na hivyo. Akinyamaza, nawe nyamaza. Kijana anayekimbilia kujaza ukimya kwa swali jingine hupoteza jibu lililokuwa njiani. Na mjukuu akikatiza kusema babu amekosea mwaka, usizime kamera, maana ubishi wao unaweza kuwa na thamani kuliko tarehe sahihi.

Filamu iwe kwa Kiswahili au kwa lugha ya nyumbani?

Iwe kwa lugha ambayo mhusika hutumia kugombana. Mtu anayejieleza kwa Kiswahili cha shule mbele ya kamera huwa makini na huwa mfupi. Akirudi kwenye Kisambaa, Kigiriama au Kidholuo chake hufunguka. Tafsiri ya maandishi chini ya picha isizidi mistari miwili, ikae muda wa kutosha kwa msomaji wa kasi ya kawaida, na ifanywe na mzungumzaji wa lugha hiyo, si kwa kubahatisha kutoka kwenye muhtasari.

Nani ana neno la mwisho kwenye uhariri?

Mwongozaji, ila kwa masharti. Mhusika awe na haki ya kuondoa kinachomhatarisha au kumvunjia siri aliyoitoa bila kukusudia, na arekebishe kosa la ukweli. Hana haki ya kuondoa kila kinachomfanya aonekane binadamu wa kawaida, na mwenyekiti wa kikundi hana haki ya kumwondolea mwanachama kauli yake kwa sababu inakiaibisha kikundi. Mpaka kati ya mambo haya hauko wazi kila mara, na mkataba hauwezi kuutabiri. Huamuliwa mkiwa mmekaa pamoja mbele ya skrini, mhusika akiwa na uhakika kwamba akisema hapana, hapana yake itasikilizwa.

Naweza kutumia muziki wa redio uliokuwa ukilia wakati wa kurekodi?

Hapana, mpaka uwe na ruhusa ya wenye haki. Taratibu zake zinaulizwa kwenye ofisi za hakimiliki: COSOTA kwa Tanzania Bara na KECOBO kwa Kenya. Njia nyepesi ni kuomba redio izimwe kabla ya kuanza.

Filamu ionyeshwe wapi kwanza?

Palepale ilipotengenezwa. Shuka jeupe lililonyooshwa vizuri, projekta ya kuazima, spika za kutosha na jenereta iliyowekwa mbali ili isimeze sauti, baada ya sala ya isha, vinatosha. Waalike pia waliokataa kuhojiwa. Tegemea vicheko mahali ambapo hukuweka kichekesho, na tegemea mtu kusimama kusema kwamba umemwacha mtu muhimu. Mara nyingi atakuwa anasema kweli, na kama ulipanga vizuri utakuwa bado na muda wa kurudi kwenye uhariri. Ndiyo maana onyesho hili halitakiwi kuwa sherehe ya kukabidhi kazi iliyokwisha kufungwa.

Baada ya hapo kuna Tamasha la Kimataifa la Filamu la Zanzibar (ZIFF), lililofanyika kwa mara ya kwanza mwaka 1998 na ambalo limekuwa na maonyesho yake Ngome Kongwe. Nairobi kuna Docubox, mfuko unaosaidia watengenezaji wa filamu za makala wa Afrika Mashariki. Televisheni za hapa hununua kwa bei ndogo, na baadhi hutaka mtengenezaji ndiye alipie muda wa hewani. YouTube huwafikia wengi, lakini matamasha kadhaa hayapokei filamu ambayo tayari iko wazi kwenye intaneti, hivyo panga foleni yako kabla ya kubonyeza kitufe.

Filamu ikishaonyeshwa, wajibu wangu umekwisha?

Haujaisha. Mhusika apewe nakala kwa namna anayoweza kuitumia, na siku hizi hiyo ni kadi ndogo ya kumbukumbu au faili lililobanwa la kutumwa kwa WhatsApp, si diski ngumu. Namba yako ya simu ibaki ileile, au mtu wa hapo awe anajua unapopatikana. Mahojiano kamili, ambayo filamu imetumia dakika chache tu, ni mali ya thamani kwa familia na kwa watafiti wa baadaye. Kwa ridhaa ya wenyewe yawekwe mahali penye uhifadhi wa kueleweka, kama maktaba ya chuo au nyaraka za taifa, yakiwa na majina ya waliozungumza, mahali, tarehe na lugha. Faili lisilo na maelezo hayo, hata likihifadhiwa vizuri namna gani, baada ya miaka kumi hakuna atakayejua ni la nani.